Kuchunguza Sakafu ya Ziwa Tanganyika Ukitokea Kigoma: Mwongozo Kamili

Ziwa Tanganyika lina kina cha mita 1,470 pale linapozama zaidi, na duniani kote ni Ziwa Baikal la Urusi peke yake linalolipita. Sehemu hiyo ya mita 1,470 imo katika beseni la kusini. Beseni la kaskazini, ambalo wataalamu huliita beseni la Kigoma, hufikia takriban mita 1,310. Kwa kuwa uso wa ziwa uko kiasi cha mita 770 juu ya usawa wa bahari, mtu anayeteremsha kamba hadi mwisho katika beseni hilo la kaskazini huifikisha zaidi ya mita 500 chini ya usawa wa bahari.

Mwongozo huu ni kwa ajili ya mwanafunzi wa chuo, mwalimu mwenye klabu ya sayansi, mtafiti anayeanza, au wenye boti wanaotaka kujua kwa hakika chini yao pakoje: kina ni kipi, tope ni la namna gani, na maji ya huko yana nini. Nitasema mapema jambo ambalo litajirudia katika kila hatua. Vipimo vya kilindi huharibikia juu ya maji, si chini. Sakafu yenyewe imetulia mahali pake. Kinachosogea ni boti, kinachopinda ni kamba, na kinachosahaulika ni saa na mahali kipimo kilipochukuliwa. Ndiyo maana sehemu kubwa ya maelezo yanayofuata inahusu mambo yanayofanyika mkononi mwa mtu aliyeketi ndani ya boti.

Kabla ya yote: hakuna anayepiga mbizi

Kila mita 10 za maji huongeza mgandamizo wa karibu kilo moja kwa kila sentimita ya mraba. Kwenye mita 1,300 mgandamizo huo ni kama kilo 130 kwa kila sentimita ya mraba, na chombo chochote chenye hewa ndani ambacho hakikutengenezwa kwa kina hicho kitabonyea. Wazamiaji wa burudani hufundishwa kutovuka mita 40, na hata kina hicho hapa kinahitaji majedwali maalumu, kwa sababu hewa ya Kigoma ni nyepesi kuliko ya pwani na mwili huachia gesi kwa namna tofauti mtu anapopanda juu. Kazi yote inayoelezwa hapa inafanywa kwa sauti, kwa kamba, na kwa vyombo vinavyoshushwa. Anayetaka kuiona sakafu kwa macho yake mwenyewe ahesabu gharama ya nyambizi, kisha aendelee kusoma.

Hatua ya kwanza: kuelewa umbo la mahali

Ziwa hili limekaa ndani ya Bonde la Ufa, na ardhi yake ilishuka kwa kukatika. Matokeo yake ni kwamba kando nyingi ni miteremko mikali inayoendelea chini ya maji kama inavyoonekana juu, hasa ukitazama milima ya Gombe kaskazini mwa mji na ile ya Mahale kusini. Mahali penye kina cha mita 20 na mahali penye kina cha mita 300 panaweza kuwa karibu kuliko mgeni anavyodhani. Meli ya MV Liemba inaeleza vizuri maana ya jambo hili. Wajerumani waliizamisha karibu na Kigoma mwaka 1916, ikainuliwa na Waingereza mwaka 1924 na kurudi kazini mwaka 1927. Iliwezekana kuinuliwa kwa sababu ilizamishwa kwenye maji mafupi ya kando. Kama ingezamishwa kilindini, ingekuwa huko hadi leo.

Kati ya miteremko hiyo sakafu ni pana na laini. Juu ya mwamba kuna mashapo yenye unene wa kilomita kadhaa, yaliyokusanyika kwa mamilioni ya miaka. Jambo hilo lilifahamika vizuri katika miaka ya 1980, watafiti wa Chuo Kikuu cha Duke cha Marekani walipopeleka mitetemo ya sauti chini ya ziwa na kusoma mwangwi wake. Kabla yao, msafara wa Kibelgiji wa mwaka 1946 na 1947 ulikuwa umepima kina sehemu nyingi, na ramani iliyotokana nao ilichapishwa mwaka 1949. Tafuta ramani ya kina kabla ya kutafuta boti. Chora juu yake mstari mmoja utakaoufuata, tangu ufukweni kuelekea katikati, na uweke alama mahali utakaposimama kupima. Mstari mmoja uliopimwa vizuri una faida kuliko alama nyingi zilizotawanyika.

Ni lazima pia kujua mgawanyo wa maji yenyewe. Upande wa kaskazini oksijeni huishia kwenye kina cha takriban mita 100, na kusini inaweza kufika mita 200 na zaidi. Chini ya hapo, yaani katika sehemu kubwa ya ujazo wote wa ziwa, hakuna samaki wala konokono, bali bakteria wanaoishi bila hewa. Dagaa, migebuka na sangala wote wanaishi katika tabaka hilo la juu. Kwa hiyo anayekwenda kwenye mita 1,000 akitarajia kuona viumbe wa ajabu kama wa baharini atarudi na tope tu. Lakini tope hilo, kama tutakavyoona, lina thamani yake.

Hatua ya pili: vibali na watu

Utafiti nchini huhitaji kibali cha Tume ya Sayansi na Teknolojia, COSTECH, na ni busara kuanza kwa kubisha hodi katika kituo cha Taasisi ya Utafiti wa Uvuvi Tanzania, TAFIRI, kilichopo Kigoma, kwa kuwa wao wanalijua ziwa na wana kumbukumbu za vipimo. Boti iwe imekaguliwa na kusajiliwa kwa utaratibu wa Shirika la Uwakala wa Meli Tanzania, TASAC. Ukikusudia kupima mbele ya Mahale, kumbuka kwamba hifadhi hiyo inamiliki pia ukanda wa maji wenye upana wa kilomita 1.6, hivyo Shirika la Hifadhi za Taifa, TANAPA, wahusishwe. Mpaka na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo unapita katikati ya ziwa, na boti inayopeperushwa huku injini imezimwa haitaona mpaka huo. Uweke kwenye kifaa chako cha GPS kabla ya kuondoka.

Halafu ongea na wavuvi wa mwalo utakaotokea, uwe Kibirizi, Katonga au Ujiji. Waeleze unachofanya. Kamba ndefu inayoning'inia kutoka kwenye boti iliyozimwa huleta maswali, na wao ndio watakaokuja kukuvuta injini ikigoma. Kwa boti ya kawaida, watu wanne wanatosha: nahodha asiyefanya kazi nyingine yoyote, wawili wa kamba, na mmoja wa kuandika. Wa kuandika asishike kamba kamwe.

Hatua ya tatu: kuchagua siku

Kati ya Mei na Septemba pepo za kusini-mashariki huvuma kwa nguvu na kwa siku nyingi mfululizo, na mawimbi yake si ya kuchezea. Wakati wa mvua upepo wa kudumu hupungua, lakini dhoruba za radi hutokea ghafla. Mimi ningechagua asubuhi tulivu za mwanzo wa mvua, kwa sharti kwamba boti iwe imegeuza kurudi mara wingu zito linapoanza kujengeka juu ya milima. Mwaka 2024 serikali ilisimamisha uvuvi ziwani kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti, na mtu angeweza kuona kipindi kama hicho kuwa nafasi nzuri kwa sababu maji hayana nyavu. Tatizo ni kwamba ndicho kipindi cha upepo.

Kalenda ya mwezi nayo ina uzito wake. Usiku wa giza boti za dagaa huwa zimetanda na taa zao, na zinaporudi alfajiri njia hujaa. Panga safari katika siku za mbalamwezi, wavuvi wengi wakiwa wamepumzika.

Usisahau upepo unavyofanya chini. Pepo za kusini zinapovuma kwa muda mrefu husukuma maji ya juu yenye joto kuelekea kaskazini, na mpaka kati ya maji ya juu na ya chini huinama. Upepo ukikoma, mpaka huo hupanda na kushuka kwa mawimbi ya ndani yanayochukua takriban mwezi mmoja kukamilisha mzunguko. Kwa hiyo kipimo cha oksijeni cha wiki hii kinaweza kutofautiana na cha wiki ijayo mahali pale pale, na hakuna kati yake kilicho kibaya.

Hatua ya nne: kupima kwa mwangwi

Kipima kina cha mwangwi, ambacho ni ndugu wa mashine ya kutafutia samaki, hupeleka mlio chini na kuhesabu muda hadi mwangwi urudi. Mashine nyingi huchukulia kwamba sauti husafiri mita 1,500 kwa sekunde. Katika maji ya ziwa hili, yenye nyuzi 23 na kitu kule chini na kati ya 25 na 28 karibu na uso, makadirio hayo yanakaribia sana ukweli, na hata kwenye mita 1,300 kosa lake ni la mita mbili au tatu tu. Wengi huhangaika na jambo hili wakati makosa makubwa yanapita mbele ya macho yao. Makosa hayo ni mawili.

La kwanza ni upana wa mlio. Sauti haishuki kama mstari, hutanuka. Mashine ya mzunguko wa mdundo wa kilohezi 50 (kHz 50) inaweza kuwa na pembe ya nyuzi 40, na mlio wake ukifika mita 1,000 utakuwa umefunika eneo lenye kipenyo cha zaidi ya mita 700. Mashine husoma mwangwi wa kwanza kurudi, na juu ya mteremko mkali mwangwi wa kwanza hutoka ubavuni mwa mlima, si chini ya boti. Matokeo yake ni kina kinachosomeka kifupi kuliko kilivyo, na bonde jembamba linaweza kutoweka kabisa kwenye ramani yako. Tumia mashine yenye pembe nyembamba kadiri fedha zinavyoruhusu, na pale penye mteremko andika wazi kwamba kipimo ni cha kukadiria. Mashine ya kilohezi 200 ina mlio mwembamba na picha nzuri, lakini nguvu yake huisha mapema; itumie karibu na kando na uache kilohezi 50 au chini yake kwa ajili ya kilindi. Maji yasiyo na chumvi humeza sauti kidogo kuliko bahari, hivyo mashine inayotangazwa kwa kina fulani cha baharini huenda mbali zaidi hapa.

La pili ni mwangwi uliochelewa. Kwenye mita 1,300 mlio huchukua karibu sekunde 1.7 kwenda na kurudi. Ukiwa umeiweka mashine kwenye upeo wa mita 500, itakuwa imekwisha kupeleka milio mingine kabla wa kwanza haujarudi, na mwangwi wa mlio wa kwanza utahesabiwa kana kwamba ni wa mlio wa baadaye. Kioo kitaonyesha sakafu safi na ya kuaminika kwenye mita 300. Njia ya kuugundua uongo huo ni rahisi: badilisha upeo wa mashine mara mbili au tatu. Sakafu ya kweli hubaki kwenye namba yake. Ya uongo huhama.

Endesha boti polepole na kwa mstari ulionyooka, na uchukue namba ya GPS pamoja na saa kwa kila kipimo. Tabaka la mawingu linaloonekana juu ya mita 100 mara nyingi ni makundi ya dagaa, usilifute, liandike.

Hatua ya tano: kuhakiki kwa bildi

Hata mwenye mashine ya bei kubwa anapaswa kushusha bildi, yaani timazi ya kupimia kina iliyofungwa kwenye kamba, angalau mara chache, kwa kuwa kamba iliyogusa sakafu haina ubishi. Hapa ndipo penye kazi ya mikono na ndipo panapohitaji uangalifu zaidi.

Kamba za plastiki zinazouzwa madukani kwa wingi huelea, nazo zitachukuliwa na mkondo kabla hazijafika popote. Nailoni huzama lakini hunyumbuka, na inyumbukapo mita zako huwa si mita tena. Waya mwembamba wa chuma wa milimita 3 ndio chaguo langu: mita 1,400 zake zina uzito wa takriban kilo 50, jambo linalodai winchi yenye breki ya kutegemewa iliyofungwa kwenye mbao imara za boti, si kwenye ubao wa kukalia. Weka alama kila mita 50 kwa rangi zinazotofautiana, na uzipime alama hizo waya ukiwa umevutwa kwa uzito, kamwe si ukiwa umelala chini umelegea. Vaa glovu za ngozi. Waya ukikatika nyuzi huchana kiganja. Mtu yeyote asisimame kwenye mstari wa waya unaovutwa.

Timazi iwe nzito, kilo 15 hadi 20, na iwe na tundu chini lililopakwa nta au mafuta magumu ili ipande na alama ya kilichoguswa. Kwenye kina kirefu hutasikia timazi ikigota, kwa sababu waya wenyewe una uzito mkubwa kuliko timazi na utaendelea kushuka na kujikunja juu ya tope. Hivyo basi pima kwa saa. Mwandishi aandike sekunde zinazotumika kwa kila mita 50. Muda huo hubadilika taratibu. Unaporefuka kwa ghafla, timazi imefika. Simamisha, inua mita 20, shusha tena polepole, na uthibitishe mahali waya unapolegea.

Kisha pima pembe ya waya unapoingia majini. Waya uliolala kwa nyuzi 10 hupunguza mita 1,000 hadi 985. Kwa nyuzi 20 hadi 940. Kwa nyuzi 30 hadi 866. Hesabu hii hudhani kwamba waya umenyooka, nao kwa kweli hupinda njiani, ndiyo sababu pembe ikizidi nyuzi 20 nisingehangaika na masahihisho bali ningeuvuta wote na kuanza upya. Nahodha anaweza kuzuia jambo hilo kwa kuielekeza omo, yaani sehemu ya mbele ya boti, kwenye upepo na kuisukuma boti kidogo kidogo kwa injini ili ibaki juu ya waya. Hiyo ndiyo kazi yake, na ndiyo maana nilisema asipewe nyingine.

Winchi ikivuta nusu mita kwa sekunde, waya wa mita 1,300 utahitaji zaidi ya dakika 40 kurudi. Hesabu muda huo kabla ya kuamua kushusha wingu likiwa limeonekana.

Hatua ya sita: maji ya kilindini

Chupa ya Niskin, yaani chupa ya kuchotea maji ya kilindini, hushuka ikiwa wazi pande zote mbili, na hufungwa kwa uzito mdogo unaotelezeshwa juu ya waya. Uzito huo huchukua dakika kadhaa kufika chini, hivyo usivute mapema. Kipimajoto kiwe cha kusoma sehemu ya mia ya nyuzi, kwa kuwa tofauti ya joto kati ya juu na chini hapa ni ya nyuzi chache tu. Kifaa cha oksijeni kisawazishwe kwa mgandamizo wa hewa wa Kigoma, ambao ni pungufu ya ule wa pwani kwa kiasi cha asilimia 8. Maji yanayotoka chini ya tabaka la oksijeni hunuka yai viza. Hiyo ni haidrojeni salfaidi, nayo ni sumu. Yafungue penye upepo, usiweke pua mdomoni mwa chupa.

Hatua ya saba: tope

Kwa kujua tu sakafu imeumbwa na nini, bakuli la chuma lenye taya mbili linatosha. Kwa kujua historia yake unahitaji bomba la kuchotea, yaani bomba wazi lenye uzito juu, linalojizamisha katika tope na kurudi na nguzo nzima ya matabaka. Lishushe kwa kasi ya kawaida hadi mita 50 kutoka chini, lisimamishe kwa dakika moja litulie, kisha lishushe polepole. Kosa la kawaida ni kulipiga kwa nguvu: tope la juu ni laini mno, bomba huzama lote, na sentimita za juu, ambazo ndizo za miaka yetu, hupotea.

Likifika juu, liwekwe wima na lisilazwe hata kwa muda wa kupiga picha. Utaona mapovu na nyufa, kwa sababu gesi iliyobanwa kule chini hutanuka ikipanda. Acha zitoke zenyewe. Maji yaliyobaki juu ya tope yakiwa maangavu na matulivu, nguzo ni nzima. Yakiwa yamechafuka, itupe na urudie.

Thamani ya tope hili inatokana na ule ukosefu wa oksijeni. Hakuna mnyama wa kulifukua, hivyo matabaka hubaki kama yalivyolala: ukanda mweupe wa mwani wenye maganda ya kioo unaotokana na majira ya upepo, na ukanda mweusi wa udongo ulioletwa na mito wakati wa mvua. Nguzo zilizochukuliwa mwaka 2004 mbele ya Kalya, kusini mwa Mahale, zimewapa watafiti kumbukumbu ya hali ya hewa ya miaka 60,000 hivi.

Hatua ya nane: kamera, kwa ufupi

Ganda la kamera linunuliwe kwa kina kilichoandikwa, na ulitumie hadi robo tatu tu ya kina hicho. Lijaribu kwanza likiwa tupu, bila kamera ndani, usiku mmoja kwenye kina utakachotumia. Taa ziwekwe mbali na lenzi, vinginevyo utapiga picha ya vumbi. Kusema kweli, kamera ina faida kubwa kati ya mita 20 na 100, kwenye miamba na samaki. Chini zaidi itakuonyesha tope tambarare.

Hatua ya tisa: kumbukumbu

Kila kipimo kiandikwe tarehe, saa, namba za GPS, pembe ya waya, hali ya upepo, na kimo cha ziwa siku hiyo kwa mujibu wa kipimo cha bandarini. Hili la mwisho hupuuzwa mno. Katika miaka ya karibuni maji yamepanda hadi kufunika kingo na majengo, na mwishoni mwa karne ya 19, Mto Lukuga ulipofunguka upande wa magharibi, ziwa lilishuka kwa takriban mita 10. Kina kisichofungamanishwa na kimo cha maji hakiwezi kulinganishwa na cha mtu mwingine. Nakala moja ya daftari ibaki TAFIRI.

Mkirudi, suuzeni waya, ukausheni na kuupaka mafuta, kisha pimeni upya alama zake chini ya uzito ule ule mliotumia mwanzo. Ikiwa alama ya mita 1,000 imehama, masahihisho yafanywe kwenye daftari siku hiyo hiyo, kwa wino wa rangi nyingine, bila kufuta namba ya kwanza.